Waliopitia Tenke

Tenke si mji wa kujivunia ukubwa. Ni stesheni, soko, nyumba za matofali na vumbi la malori ya shaba yanayopita kuelekea mpaka wa Kasumbalesa. Lakini anayeitazama ramani ya reli ya Kongo ataelewa kwa nini jina lake linajulikana mbali kuliko ukubwa wake. Reli inayotoka Lubumbashi na Likasi hugawanyika hapo. Mkono mmoja unakwenda magharibi, Kolwezi na Dilolo, hadi bandari ya Lobito nchini Angola. Mwingine unapanda kaskazini kupitia Kamina hadi Mwene-Ditu, Kananga na Ilebo, yaani Kasai. Mtu wa Kolwezi anayetaka kwenda Kasai kwa gari la moshi hana ujanja: lazima apite Tenke.

Mwaka 1993 walipita maelfu kwa maelfu, na hawakuwa wasafiri. Walikuwa watu waliofukuzwa. Hujuma dhidi ya watu wenye asili ya Kasai zilikuwa zimeanza Likasi mwaka uliotangulia, mwezi wa Agosti na Septemba. Machi 1993 zikafika Kolwezi. Nyumba zilivamiwa na kuchomwa, vijana wenye mapanga wakaweka vizuizi barabarani, na familia nzima nzima zikakimbilia stesheni na shuleni na magodoro, sufuria na watoto mgongoni. Zikakaa huko kwa majuma, nyingine kwa miezi, zikingoja behewa. Surua na kuhara viliua watoto kabla gari halijaja, na wengine walifia njiani, maana mabehewa mengi yalikuwa ya mizigo na safari iliyostahili siku chache iliweza kula majuma. Waliofukuzwa Katanga nzima, iliyoitwa Shaba wakati ule, walikuwa mamia ya maelfu. Makadirio ya waliokufa yanatofautiana, lakini yanahesabiwa kwa maelfu.

Wengi wa watu hao hawakuwa wameiona Kasai hata siku moja. Walizaliwa Kolwezi, baba zao wakazaliwa Kolwezi au Likasi, na Kiswahili chao kilikuwa kile kile cha jirani aliyewafukuza. Walipoteremka Mwene-Ditu na kuambiwa wamefika nyumbani, wako waliokijua Kiluba cha Kasai kwa kubabaisha tu. Mashirika ya misaada yaliandika majina yao kama wakimbizi wa ndani. Kweli, walikuwa ndani ya nchi yao. Lakini ilikuwa kana kwamba wamevuka mpaka.

Ni rahisi kusema kwamba makabila haya yalichukiana tangu enzi. Wanasiasa husema hivyo, na hata baadhi ya waandishi wa kigeni waliridhika na jibu hilo. Historia ya Katanga haikubali.

Kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga, ambayo wafanyakazi waliiita Changa-Changa, ilianzishwa mwaka 1906. Kusini mwa Katanga kulikuwa na shaba nyingi na watu wachache. Wenyeji kama Wasanga na Walamba waliona faida zaidi katika kulima na kuwauzia wachimbaji chakula kuliko kuingia shimoni, na ukitazama vifo vya makambi ya awali huwezi kuwalaumu. Kwa hiyo mwaka 1910 ikaundwa ofisi ya kusaka vibarua, Bourse du Travail du Katanga, na watu wakachotwa Rhodesia ya Kaskazini, Rwanda na Burundi, na kwa wingi Kasai. Reli ilipofika Ilebo mwaka 1928 njia ya Kasai ikawa nyepesi. Wakati huo huo kampuni ikabadili mtindo: badala ya kibarua wa miezi michache, ikataka mtu wa mkataba wa miaka mitatu, aje na mke, apewe nyumba kambini, posho ya kila wiki, zahanati, na shule ya mapadri kwa watoto. Ndivyo Wakasai walivyokuja Katanga. Hawakuvamia. Waliitwa, wakaandikwa, wakapakiwa.

Kila aliyeandikwa alipewa kadi, na kwenye kadi palikuwa na kabila. Wakoloni walipenda sana kupanga watu kwa madaraja: kabila hili hodari na lina akili, lile vivu, lile linafaa kwa shoka tu. Waluba wa Kasai walipewa sifa ya uhodari, wakasomeshwa, wakawa makarani, mafundi na wauguzi. Juu yao wote alikaa mzungu. Elisabethville, Lubumbashi ya leo, ilijengwa na uwanda mtupu kati ya mji wa weupe na mji wa weusi, na Mwafrika hakuruhusiwa kuonekana upande wa pili usiku bila kibali. Katika Kolwezi ya kampuni, rangi ya ngozi iliamua nyumba, mshahara na hospitali. Desemba 1941, wafanyakazi Waafrika walipogoma kudai nyongeza, askari waliwafyatulia risasi kwenye uwanja wa mpira wa Elisabethville tarehe 9. Makumi walikufa, akiwemo kiongozi wao, Léonard Mpoyi. Hakuna aliyewauliza marehemu wale kabila lao kabla ya kufyatua.

Ngazi ile ya rangi ndiyo iliyozaa ngazi ya kabila. Mzungu alikuwa mbali, hakuwezekana kumfikia. Karani Mkasai alikuwa karibu, anakaa safu ya pili ya nyumba, na ndiye aliyesoma jina lako kwenye orodha ya posho.

Uchaguzi wa kwanza wa mabaraza ya mji, Desemba 1957, uliwapa walioitwa wageni ushindi mkubwa Elisabethville. Mwaka uliofuata Moïse Tshombe, Godefroid Munongo na wenzao wakaunda chama cha CONAKAT kutetea wale walioitwa Wakatanga halisi. Walowezi weupe, ambao miaka michache kabla walikuwa wakiwasifu Wakasai, waliona faida upesi na kukiunga mkono. Julai 11, 1960, siku kumi na moja tu baada ya uhuru, Tshombe alitangaza Katanga imejitenga. Kolwezi ndiyo iliyokuwa ngome yake ya mwisho hadi askari wa Umoja wa Mataifa walipoingia Januari 1963.

Katika kipindi hicho kuna jambo ambalo vijana wa Kolwezi wangepaswa kufundishwa shuleni. Waliowindwa na serikali ya Tshombe hawakuwa Wakasai peke yao. Waluba wa kaskazini mwa Katanga, wafuasi wa Jason Sendwe na chama chake cha BALUBAKAT, waliwindwa nao. Mwaka 1961 makumi ya maelfu ya watu walikimbilia kambi ya Umoja wa Mataifa iliyoota ghafla pembeni mwa Elisabethville, na humo Muluba wa Katanga na Muluba wa Kasai walilala chini ya maturubai yale yale. Haikuwa ajabu. Simulizi za Waluba wa Kasai zenyewe husema wazee wao walitoka Nsanga Lubangu, na Nsanga Lubangu iko Katanga.

Miaka thelathini baadaye, mtu aliyewasha moto dhidi ya Wakasai alikuwa Muluba wa Katanga.

Gabriel Kyungu wa Kumwanza hakuanza kama mtu wa kabila. Alikuwa mmoja wa wabunge 13 waliomwandikia Rais Mobutu barua ya wazi Novemba 1980 wakimkosoa kwa udikteta, pamoja na Étienne Tshisekedi, Mkasai. Walitiwa ndani pamoja kwa ajili ya barua hiyo. Kundi hilo ndilo lililozaa chama cha UDPS mwaka 1982. Mobutu alipofungua mlango wa vyama vingi Aprili 1990, Kyungu na Jean Nguza Karl-i-Bond wakaunda chama chao, UFERI, na mwanzoni walikuwa upande mmoja na Tshisekedi. Mobutu alihitaji kuwatenganisha. Novemba 1991 akampa Nguza uwaziri mkuu, na Kyungu akawa gavana wa Shaba.

Gavana akaanza mikutano. Ujumbe wake ulikuwa mwepesi kubebeka: kazi zenu zimekaliwa na wageni, nyumba zenu zimekaliwa na wageni, wakubwa wote wa kampuni ya Gécamines ni wageni, warudi kwao. Wakasai wakaitwa bilulu, wadudu. Vijana wa chama, Juferi, wakapewa uhuru wa kufanya walilotaka, na polisi wakatazama pembeni. Agosti 15, 1992, Mkutano Mkuu wa Taifa mjini Kinshasa ulimchagua Tshisekedi kuwa waziri mkuu mahali pa Nguza. Wakasai wa Katanga walishangilia mitaani. Siku hizo hizo nyumba zikaanza kuungua.

Ukiuliza kwa nini maneno ya mkutano yaliingia mioyoni haraka namna ile, angalia hesabu za mgodi. Gécamines, mrithi wa Union Minière, ilitoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka katikati ya miaka ya 1980. Septemba 1990 mgodi wa Kamoto, hapo hapo Kolwezi, uliporomoka. Ilipofika 1993 kampuni nzima haikufikisha tani 50,000. Mishahara ilichelewa, sarafu ya zaire ikawa karatasi tu, na baba aliyezoea kugawiwa unga na kampuni akaanza kuuza vitu vya ndani. Katika hali hiyo, mtu akikwambia kwamba kuna kiti cha kazi na nyumba yenye bomba vitakavyobaki wazi jirani akiondoka, hasemi siasa tena. Anatangaza nafasi za kazi.

Na kweli zilibaki wazi. Nyumba ziliuzwa kwa bei ya kutupa usiku mmoja, au zilikaliwa tu bila hata karatasi. Vyeo vya Gécamines viligawiwa upya. Wengine waliingia nyumba ambamo chungu kilikuwa bado jikoni.

Ndoa ndizo zilizoumia kwa namna ambayo takwimu haziwezi kuonyesha. Kwa desturi ya Waluba wa Kasai, mtoto hufuata upande wa baba. Kwa hiyo mama Msanga au Mlunda aliyeolewa na Mkasai alijikuta amezaa watoto wanaoitwa wadudu na kaka zake mwenyewe. Wako waliopanda gari la moshi na waume zao. Wako waliobaki, ndoa ikafia kwenye jukwaa la stesheni. Wako wajomba waliowaficha watoto wa dada yao chumbani hadi fujo ikapita, kisha wakarudi kwenye mikutano ya chama kana kwamba hakuna kilichotokea. Watu si wa aina moja hata ndani ya siku moja.

Mwanahistoria Donatien Dibwe dia Mwembu wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi amekusanya kumbukumbu za aina hii kwa miaka mingi, na pamoja na Marcel Ngandu Mutombo aliandika kitabu kizima juu ya kuishi pamoja Katanga. Kuanzia mwaka 2000 alishiriki pia katika mradi wa kumbukumbu za mji wa Lubumbashi, ambamo wakazi walialikwa kuleta vitu vyao vya nyumbani makumbusho na kuvisimulia. Kazi kama hiyo haina kelele za jukwaani. Lakini inagusa mahali ambapo hotuba ya mshikamano haifiki: inawafanya aliyebaki na aliyefukuzwa wazungumzie kabati moja, baiskeli moja, mtaa mmoja.

Kolwezi haikukosa watu waliojaribu kujenga kitu kingine mapema. Mwaka 1953 padri Mfransisko kutoka Ubelgiji, Placide Tempels, alihamia Kolwezi, kwenye kambi ya wafanyakazi ya Musonoi. Alikwisha kujulikana Ulaya kwa kitabu chake cha 1945 juu ya falsafa ya Wabantu, kitabu ambacho bado kilimweleza Mwafrika kwa mzungu mwenzake. Musonoi alifanya jambo gumu zaidi: alikaa na kusikiliza. Kutokana na mazungumzo hayo kikazaliwa chama cha Jamaa. Hakikuwa na kadi wala mchango. Mume na mke waliingia pamoja, wakaitwa baba na mama na wenzao wote, na padri mwenyewe akawa Baba Placide. Mafundisho yalitolewa kwa Kiswahili, juu ya mambo matatu: uzima, uzazi na mapendo. Jioni wenzi walitembeleana kambini, wakakaa kwenye viti vya mbao, wakala bukari, yaani ugali, kutoka sahani moja, wakaulizana maswali ambayo kwa kawaida mtu hamuulizi asiye wa ukoo wake: unamwonaje mkeo, unaogopa nini. Katika kambi ambamo kampuni ilikuwa imemwandika kila mtu kwa kabila, Mlunda, Mbemba, Msonge na Muluba walikaa hivyo sebuleni mwa wenzao, na mzungu akiwa mmoja wao kwa kiasi ambacho sheria za wakati ule hazikutarajia.

Maaskofu waliingiwa na wasiwasi juu ya siri za mafundisho. Mwaka 1962 Tempels alirudi Ubelgiji, wala hakuonekana tena Kolwezi hadi kifo chake mwaka 1977. Jamaa ikaendelea bila yeye, ikasambaa hadi Lubumbashi na Kasai. Haikuzuia yaliyotokea mwaka 1993, na si haki kuidai hivyo. Vikao vya sebuleni vinaweza kubadili namna mtu anavyomtazama jirani, lakini havina gavana, redio wala polisi.

Redio na jukwaa ndivyo vilivyofanya kazi ile ile mahali pengine. Mwaka mmoja baada ya mabehewa ya Tenke, Rwanda ilisikia Watutsi wakiitwa mende na Radio Mille Collines. Kenya, baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, watu wa Bonde la Ufa waliokuwa na mashamba yao kihalali waliitwa madoadoa ya kuondolewa. Zaidi ya watu 1,100 waliuawa. Mdudu na doa havihurumiwi, ndiyo maana maneno huja kwanza.

Kongo ilikuwa na dawa kwenye karatasi. Sheria ya Juni 7, 1966 inaadhibu ubaguzi wa rangi na ukabila kwa kifungo. Ilikuwepo wakati wote wa mikutano ya Kyungu, na hakuna mahakama iliyomtia hatiani kwa yaliyotokea.

Na zile kazi zilizopiganiwa? Mwaka 2003, kwa mpango uliogharimiwa na Benki ya Dunia, wafanyakazi 10,655 wa Gécamines waliagwa kwa malipo ya mara moja. Baadhi ya walioingia katika viti vya waliofukuzwa waliviacha hivyo miaka kumi tu baadaye. Wako walioenda kuchimba kwa mikono katika mashimo yale yale ambayo zamani waliyasimamia.

Sasa Lualaba, yaani eneo la Kolwezi na Tenke, ni mkoa wake wenyewe tangu 2015, na Kongo hutoa zaidi ya theluthi mbili ya kobalti ya dunia. Mgodi wa Tenke Fungurume ulianza kuzalisha mwaka 2009 chini ya Wamarekani wa Freeport, na mwaka 2016 ukauzwa kwa kampuni ya China ambayo leo inaitwa CMOC. Ngazi ya rangi haijavunjika yote. Novemba 2021 shirika la Uingereza la RAID na kituo cha sheria cha Kolwezi, CAJJ, walitoa ripoti juu ya wafanyakazi wa migodi mikubwa mitano ya eneo hili, nao walisimulia matusi, ubaguzi na hata vipigo kutoka kwa wasimamizi wa kigeni, pamoja na mishahara duni ya wale walioajiriwa kupitia wakala. Kijana wa wakala haajiriwi na mgodi, kwa hiyo hajui amlaumu nani. Ni hali ile ile aliyokuwa nayo babu yake mbele ya karani wa posho.

Wakasai nao wamerudi, na wapya wamekuja. Vita vya wanamgambo wa Kamuina Nsapu vya 2016 na 2017 vilihamisha zaidi ya watu milioni moja huko Kasai, na shaba ya Lualaba ina mvuto wake. Vijana hushuka malori na magari ya moshi, wengine wakiwa na anwani ya ndugu mmoja tu. Tangu Félix Tshisekedi, mwana wa Étienne, awe rais Januari 2019, manung'uniko ya zamani yamepata nguvu mpya: wanapendelewa, wanateka ardhi, wanaleta uhalifu. Mei 2022 askofu mkuu wa Lubumbashi, Fulgence Muteba, aliitisha kongamano la umoja na upatanisho wa Wakatanga. Lilikuwa jambo jema, ingawa kuna swali moja linalodai jibu la wazi kwa kongamano lolote la aina hiyo: je, aliyezaliwa Kolwezi na baba wa Mwene-Ditu ni Mkatanga au ni mgeni wa karamu?

Kyungu mwenyewe aliishi hadi kuona mzunguko ambao mwandishi wa riwaya angeogopa kuuandika. Aliachana na Rais Joseph Kabila, akakaribiana tena na upinzani, na Juni 2019 Rais Tshisekedi, mtoto wa mtu waliyefungwa pamoja kisha akawa hasimu wake, alimteua mwenyekiti wa bodi ya SNCC, shirika la reli. Mabehewa ya Tenke yakawa chini yake. Alifariki Luanda Agosti 2021. Serikali za Marekani na Ulaya sasa zinaahidi fedha za kufufua reli ya Lobito, mkono ule wa magharibi, ili madini yafike bahari ya Atlantiki haraka. Mkono wa kaskazini, wa Kamina na Mwene-Ditu, bado unabeba watu.